Kwenda Ikinga Kulitazama Ua la Binamu

Nilifunga safari ya Ikinga kwa sababu ya herufi tisa. Binamu yangu Ambokile, mtoto wa mjomba, alinitumia kwa simu picha ya ukurasa wa jarida la wataalamu wa mimea. Ulikuwa na mchoro wa okidi, na juu yake jina: *Satyrium ambokilei*. Neno la kwanza ni la jenasi, yaani ukoo wa karibu. La pili ni la spishi yenyewe, na i ya mwisho ina maana ya "wa". Ua la Ambokile. Litaitwa hivyo hata sisi sote tukishakufa. Chini ya picha alikuwa ameandika: "Binamu, nimekuwa ua."

Ambokile aliishia darasa la saba. Analima kahawa na mahindi, na mvua zikielekea kuisha huchimba chikanda, vile viazi vidogo vya okidi ambavyo wenzetu wa Zambia huvisaga na kuvipika na karanga. Mimi ni karani wa wakala wa forodha hapa Tunduma. Kwa miaka kumi na tisa nimejifundisha uainishaji wa mimea bila mwalimu, kwa kitabu kimoja cha zamani, lenzi ya mkono na rula. Nina mimea mia tatu na kumi na miwili iliyokaushwa ndani ya magazeti, kila mmoja na karatasi yake, katika sanduku la bati. Hakuna mtu aliyewahi kuita hata jani kwa jina langu.

Lakini si hilo lililoninyima raha. Nilipoukuza mchoro kwenye simu, niliona kwamba mikia miwili ya ua, ambayo kwa jamaa zake huning'inia nyuma, hapa imejikunja kuelekea mbele. Nililijua ua hilo. Nililichuma mwenyewe miaka sita kabla, juu ya mlima wa Ikinga, nilipokwenda kumzika mjomba. Lilikuwa sandukuni.

Niliandika barua kwa wale wataalamu. Najua kanuni: jina likishachapishwa halifutwi kwa sababu ya malalamiko ya mtu. Nilitaka mstari mmoja tu uongezwe, kwamba aliyelichuma kwanza ni mimi. Ila kabla ya kuituma nilihitaji kulishika ua bichi na kulilinganisha na langu. Mke wangu aliniangalia nikilifunga lile gazeti kati ya mbao mbili.

"Baba Neema, unakwenda kumpongeza Ambokile au kumshitaki?"

"Nakwenda kulinganisha."

"Haya. Basi mpelekee na sukari, ili ulinganishe vizuri."

Jumamosi, saa kumi na mbili asubuhi, niliondoka Tunduma. Malori yalikuwa yamepanga foleni tangu mpakani, madereva wakipiga mswaki kando ya magurudumu. Nilipita nikiyasoma kwa mazoea: saruji, mbolea, shaba. Kazi yangu ni kuipa kila bidhaa namba yake, na huainishwa kama mimea: fungu kubwa, fungu dogo, kisha kitu chenyewe. Kisichoingia popote huandikwa "nyinginezo". Naandika neno hilo kila siku ya kazi.

Pale Mpemba, kwenye njiapanda, niliingia katika gari dogo la Ileje. Dereva alitaka mbao zangu aziweke nyuma pamoja na magunia, nikakataa.

"Kuna nini humo, mzee? Picha ya arusi?"

"Ua."

"Moja?"

"Moja."

"Basi liweke mapajani, lisije likatapika."

Abiria walicheka, nami nilitazama dirishani. Barabara ni ya lami siku hizi, na milima ya Ileje ilikuwa ya kijani mpaka juu.

Saa tatu tulifika Itumba, makao ya wilaya. Hapo nilichukua bodaboda. Njia ya Ikinga ilikuwa na utelezi, na mara mbili nilishuka na kutembea, mbao nikiwa nimezikumbatia.

Saa tano na nusu nilimkuta Ambokile uani akinoa jembe. Mimi na yeye tunaruhusiwa kutaniana, na yeye huitumia ruhusa hiyo yote.

"Profesa! Karibu nyumbani kwa ua."

"Hongera, binamu," nilisema. Neno lilitoka kavu, na nadhani alilisikia.

Shemeji alinikaribisha ndani, akapokea sukari kwa mikono miwili. Ukutani, kando ya picha yao ya arusi, ule ukurasa ulikuwa umewekwa ndani ya plastiki na kupigiliwa misumari minne. Ulikuwa umepinda upande wa kulia. Nilitamani kuunyoosha, kisha nikauacha upinde.

"Majirani wanakuja kuuangalia," shemeji alisema. "Juzi mchungaji aliusoma mbele ya watu kanisani. Kile Kilatini kilimshinda kidogo."

"Ningekuwepo ningemsaidia," nilijibu, na nilimaanisha.

Tulikula ugali na maharage. Huku tukila Ambokile alinieleza ilivyokuwa. Wataalamu watatu walikuja kuchunguza kama chikanda inachimbwa kupita kiasi. Wakamfuata mlimani, wakamwuliza anachaguaje.

"Nikawaambia, mimi siangalii ua. Ua linadanganya. Mimi navunja kiazi."

Saa nane mchana tulipanda. Nyasi zilikuwa zimelowa, zikifika magotini. Ambokile alitangulia na jembe begani bila kutazama chini, kisha akasimama ghafla kama mtu aliyeitwa. Mbele yetu palikuwa na okidi nyeupe zenye wekundu kwa mbali, labda ishirini. Zote zilikuwa na kofia na mikia miwili. Alichimbua moja, akavunja kiazi chake na kukisugua kati ya vidole. Ute ulivutika kama wa bamia.

"Huyu ndiye chikanda. Anashika." Akasogea hatua tatu, akachimbua nyingine. Kwa mbali ungesema ni ileile. Akavunja, akasugua, akanionyesha vidole. Vilikuwa vikavu. "Huyu hashiki. Ukimsaga na wenzake, chungu kizima kinaharibika. Mama zetu walituchapa kwa ajili ya huyu. Kwa Kindali tunamwita jina lenye maana ya mtu aliyekuja msibani bila mchango."

"Na ndiyo maana bado yupo," nilisema. "Hamumchimbi."

"Hatumchimbi. Nikawaambia wale wageni, huyu anakaa na hawa lakini si ndugu yao. Wakacheka kidogo. Wakachukua majani, wakaenda kupima huko kwao. Wakarudi na jibu: kweli, ndugu zake wa karibu hawapo hata mlima huu."

Nilipiga magoti. Nilitoa rula na lenzi, nikalaza ua bichi kando ya langu lililokauka. Nilipima mikia, kofia, majani mawili ya chini. Nilipima mara tatu. Kila kipimo kililingana, na mikia ilikuwa imejikunja mbele vilevile. Moyo ulinidunda kama wa mtu aliyeshinda kesi.

"Ni lilelile," nilisema. "Angalia tarehe, Ambokile. Miaka sita. Hao wageni wako walikuwa hawajaijua hata njia ya Ikinga."

Alifuta mikono kwenye suruali, akaichukua karatasi kwa uangalifu ambao sikuutarajia, akaisoma kwa sauti, polepole, kama anayesoma somo kanisani.

"'Ikinga, mlimani, kwenye nyasi. Satyrium longicauda.' Hii ni nini?"

"Mkia mrefu. Ni okidi ya kawaida. Ile yenye ute."

"Ahaa. 'Mikia imejikunja mbele. Kasoro ya ua hili, au limekaushwa vibaya.'" Akainua macho. "Binamu, uliliona."

Niliirudisha rula mfukoni.

"Uliliona kabla yangu, na mikia yake. Sasa ua lilikukosea nini mpaka ukaliandikia kasoro?"

Nilijaribu kumweleza. Kitabu changu kina kile tunachokiita ufunguo: kila hatua inakupa njia mbili, majani mawili au mengi, mikia mirefu au mifupi, nawe unachagua mpaka ufike kwenye jina. Siku ile nilifuata ufunguo kwa uaminifu. Ulinifikisha kwenye mkia mrefu, kwa sababu mwandishi wa kitabu hakuwahi kuliona ua hili, na ufunguo wake hauna mlango wa kutokea. Mikia ilipokataa kukubaliana na kitabu, niliilaumu mikia.

Ambokile alisikiliza mpaka mwisho. "Yaani ulitoka msibani kwa baba yangu, sisi tunapokea watu, wewe uko huku juu unachuma maua. Ukakutana na huyu aliyekuja bila mchango. Halafu hamkutambuana?"

Alicheka mpaka akakaa chini kwenye nyasi. Kama angecheka tu ningeweza kumchukia kwa amani. Lakini alipomaliza alisema, "Wale wageni wangefurahi kuiona karatasi hii. Nikupe namba yao? Waandike kwamba wewe ndiye wa kwanza." Alikuwa akinipa kilekile nilichokifuata, tena kwa moyo mweupe, na hilo liliniuma kuliko ukurasa wa ukutani.

Jumapili, baada ya ibada, niliagana nao. Saa saba nilikuwa Itumba nikisubiri gari, nimekaa kwenye benchi la duka, mbao zikiwa mapajani. Katika mfuko wa shati nina wembe, kwa ajili ya kuchana maua. Wino ule ni wa zamani na karatasi ni nzito. Mistari miwili tu ingetosha: jina na neno *kasoro*. Ningekwangua, niandike "spishi isiyojulikana", na barua yangu ingekuwa ya kweli. Niliufungua wembe. Niliukwangua mguu wa k kidogo, nikaona unatoka vizuri sana, nikaufunga wembe. Gari lilipokuja nilikuwa natokwa jasho.

Jioni nilifika Tunduma. Mke wangu aliuliza ulinganisho umeendaje. Nilimwambia ni lilelile.

"Na barua?"

"Haiendi."

Katika hifadhi za mimea iliyokaushwa kuna kanuni ambayo nimeifuata miaka yote. Anayegundua kwamba jina la zamani lina kosa halifuti. Anabandika kipande kipya chini yake, anaandika jina sahihi, jina lake mwenyewe na tarehe, na kosa linabaki juu pale lionwe na kila atakayekuja. Mpaka wiki ile nilidhani kanuni hiyo ilitungwa kwa ajili ya makosa ya watu wengine. Nilibandika kipande. Niliandika *Satyrium ambokilei*, herufi tisa, kwa mwandiko wangu mzuri kuliko wote. K iliyokwanguliwa nimeiacha ilivyo.

Wivu haujaisha, ningekuwa mwongo nikisema umeisha. Nilichojifunza ni hiki: mimi ninayeandika "nyinginezo" mpakani kila siku sikuwahi kuwa na fungu hilo sandukuni mwangu. Sasa lipo. Nimezipitia karatasi zote mia tatu na kumi na mbili nikitafuta neno *kasoro*, na ukiacha lile la okidi, nimelikuta mara kumi na moja. Hizo kumi na moja nimezitoa chini ya majina niliyozilazimisha, na ziko peke yao ndani ya gazeti jipya.

Ambokile amekwisha kupiga simu mara mbili. Anasema nimletee hizo kumi na moja, avunje viazi vyake aone. Nimemwambia asubiri. Safari hii nataka kuziangalia mimi kwanza.