Tochi Niliyoichagulia Bunduki ya Papa

Papa, baba yangu, hakutaka tochi. Alitaka taa ya kabidi, ile ya shaba inayofungwa kwenye paji la uso kwa mkanda wa ngozi, kama aliyokuwa nayo tangu alipofika Kisangani kutoka Maniema kutafuta kazi bandarini. Ile ya zamani ilikuwa imetoboka chini. Maji yalivuja juu ya kabidi, ile dawa inayotoa gesi ya kuwaka ikilowa, gesi ikatoka isipotakiwa, na juu ya jicho lake la kushoto palikuwa na kovu la moto lenye ukubwa wa ukucha. "Nunua ingine namna ile ile," aliniambia. Lakini mimi nilikuwa nimemaliza sekondari, nilikuwa karani katika ghala moja la mtaa wa Makiso, na nilijua kuliko yeye kitu cha kununua.

Ilikuwa katikati ya miaka ya hamsini. Leo nina miaka arobaini na sita. Nimekaa Bunia, nimekaa Kindu, nimekaa Bukavu, nimevuka hadi Kigoma na kurudi, na sikumbuki mji ambao niliuaga kwa huzuni. Ninaoukumbuka kwa huzuni ni mmoja tu, na huo ndio siwezi kukaa ndani yake zaidi ya juma moja.

Jambo lenyewe lilikuwa ndoa yangu. Msichana alitoka Banalia, kwenye mto Aruwimi, akawa anakaa Kabondo kwa dada yake, nyumba ya tatu kutoka kwetu, akijifunza kushona. Baba yake alipokea barua yetu, akaikubali, akapokea na vitambaa na vyombo tulivyopeleka. Lakini ukoo wao ulikuwa na sharti moja lisilopunguzwa: nyama ya kwanza ya ndoa haitoki sokoni. Lazima iuawe na nyumba ya mwanamume, katika msitu wa ukoo wa mke, na ikaushwe juu ya moto wa mama mkwe. Kwa njia hiyo walijua kama binti yao anakwenda mahali penye watu wanaojua kulisha.

Mimi sikuwahi kuua hata njiwa. Nyumba yetu ilikuwa na mwindaji mmoja, papa, na bunduki moja, ya baruti, ya kushindiliwa kwa mdomo, inayokupa risasi moja kisha inakuacha uhangaike. Macho yake yalikuwa yameanza kuchoka. Lakini masikio! Akiwa amelala alikuwa anatambua kwa mlio wa baiskeli ni jirani yupi anarudi, na kama amelewa.

Dukani walikuwa na vitu vitatu. Taa ya kabidi, mpya, inayong'aa. Tochi ndefu ya chuma kizito, yenye kishikio cha skrubu kilichotengenezwa makusudi kwa ajili ya bunduki. Na tochi ya bati jembamba, ya mawe mawili, yaani betri mbili, rangi ya kijani, bei ndogo. Taa ya kabidi niliipita. Niliona haya kufika ukweni na mzee mwenye masizi usoni, ananuka kama karakana. Ile ndefu ya chuma niliishika mara mbili, nikairudisha mara mbili, kwa sababu kwenye dirisha la duka lililofuata kulikuwa na tai ya rangi ya divai.

"Hii ya kijani iko na nguvu?" nilimwuliza mwuzaji, kijana wa rika langu.

"Papa yako atapiga nayo bunduki ao atatafuta nayo viatu?"

"Bunduki."

"Bon. Iyi iko ya kwenda nayo choo, ndugu. Ukipiga bunduki, itakufa mbele ya nyama."

Nilicheka. Niliiwasha chini ya meza ya duka, nikaona vumbi, misumari na panya mmoja mwenye hasira, nikasema inatosha. Nilipima mwanga. Sikupima kishindo, na bunduki ya baruti ina kishindo cha kumtoa mtu kofia. Niliinunua, na tai nikainunua.

Nyumbani niliifunga chini ya mtutu kwa vipande vya mpira wa baiskeli, nikavuta mpaka vidole vikauma. Papa alikaa kwenye kigoda, akaitazama kazi yangu kwa muda mrefu.

"Taa ya kichwa inaangalia kwanza," alisema, "bunduki inafuata nyuma. Weye umefunga macho kwa mdomo wa bunduki. Sasa kila kitu nitaangalia, nimekwisha kukilenga. Nikitaka kuona mama yako iko wapi, nitamlenga mama yako."

"Papa, wazungu wote wanafunga hivi."

"Wazungu wako na risasi mingi ya kukosea."

Lakini aliichukua. Nilikuwa mwanawe wa kwanza kuvaa tai.

Tulifika Banalia na lori la mizigo; msichana alikuwa ametutangulia kwao. Tulipewa siku tatu. Usiku wa kwanza mvua ilinyesha. Usiku wa pili mwezi ulikuwa haujatoka, majani yalikuwa na maji, na papa akasema hali ni nzuri, nyayo hazitasikika. Tulipita shamba la mihogo, tukaingia msituni kwa njia nyembamba. Tochi ilitoa mwanga wa rangi ya chai. Mara moja moja niliona mtutu wenyewe, mikono ya papa, kisha majani hatua nane mbele, kisha giza.

Papa alisimama. Mbele yetu, chini, karibu na ardhi, palikuwa na macho mawili. Mwili haukuonekana. Taa ya kabidi ingetuonyesha mwili. Nimejaribu nyingi tangu wakati ule, najua. Macho yalikuwa yametulia, yakitutazama.

Hakupiga. Nataka hili lijulikane. Hakupiga, kwa sababu tulikuwa bado karibu na kijiji, na watu wa huko wanafuga mbwa wa kuwinda wasiobweka, wanaovishwa kengele ya mti shingoni ili mwenyewe ajue walipo. Mwindaji mwenye adabu, karibu na kijiji, husikiliza kengele kabla ya kuvuta. Papa aligeuza kichwa kidogo, akafungua mdomo kama wafanyavyo wasikiao kwa bidii, akasikiliza. Nilihesabu pumzi zangu, nikafika kumi na mbili. Yale macho yalipepesa, yakasogea hatua moja, bila sauti.

"Mboloko," alinong'ona. Ndilo jina la yule swala mdogo wa msituni. Akapiga.

Tochi ilikufa na mlio ule ule. Kitu fulani ndani yake kilikatika, na mawe yakawa yanacheza kwenye bati kama mbegu kwenye kibuyu kikavu. Niliigonga, nikaipuliza, nikaifungua na kuifunga. Tulisikia kitu kikirusha majani mara tatu, kisha basi. Papa alikataza tusitafute gizani. Mnyama aliyejeruhiwa hatafutwi kwa kupapasa, alisema, tena ana pembe. Tulikaa juu ya mzizi kungoja kupambazuke.

Sijawahi kumwona papa mwenye furaha kama saa zile, na sikumwona kwa sababu ilikuwa giza, nilimsikia. "Maini yangu," alisema. "Mama mkwe yako apewe paja. Weye utakula pembe, ukaandike nazo kule ghalani." Alinihadithia jinsi alivyomwoa mama, jinsi alivyovaa suruali ya kuazima ndefu kuliko yeye. Mimi niliegemea bega lake, nikawaza nyumba nitakayopanga Kabondo, na cherehani dirishani.

Kulipopambazuka, magoti yake yalikuwa yamekaza. Nilitangulia mimi.

Alikuwa mbwa wa baba yake msichana. Mwekundu, masikio yaliyosimama, mkia uliojikunja. Alikuwa amelala ubavu kama alalavyo uani. Kengele ilikuwa shingoni, na tundu la kengele lilikuwa limejaa majani.

Majani yale niliyatia mimi. Mchana uliopita nilikuwa nyuma ya jiko, ambako msichana alikuwa anatwanga pondu, yale majani ya mihogo. Mbwa alikuwa amenipenda kwa sababu ya mifupa niliyomtupia, akanifuata kila mahali, na kila alipojikuna kengele ililia, na kila ilipolia mama yake msichana aliita kutoka mbele ya nyumba: "Bokilo iko kule nyuma tena?" Bokilo ni mkwe, wa upande wowote; hapo alinitaja mimi. Nilikuwa nimeona wawindaji wakiziba kengele kwa majani wanapokwenda porini, ili mnyama asisikie wakija. Nikafanya vile. Msichana alicheka mpaka akaacha mchi. "Umemunyima mutu sauti yake," alisema. Tukazungumza kwa amani hadi jua lilipoinama, kisha nikaitwa kula, na nikasahau.

Pale chini ya miti nilikuwa na muda mfupi kabla papa hajafika. Ningeweza kuyaacha yalipo. Niliyachomoa kwa kidole, yalikuwa yamelowa, nikayatia mfukoni. Kwa nini? Kwa miaka mingi nilijibu kwamba nilimficha msichana aibu ya kukaa nyuma ya jiko na mwanamume kabla ya nyama kukauka. Ni uongo. Niliogopa tu kuwa mwenye kosa.

Papa alikuja akijishika mgongo. Alitazama. Alichuchumaa polepole, akanyoosha kidole, akaigonga kengele. Ikalia, kavu na wazi, ko, ko, ko, na ndege mmoja akaruka.

"Inalia," alisema.

Aliigonga tena.

"Inalia, na mimi sikusikia."

Nilisema labda mbwa alikuwa amesimama kimya. Alinijibu kwamba mbwa alisogea, na mimi pia nilimwona akisogea.

Baba yake msichana hakupiga kelele tulipomfikisha mbwa kijijini. Alimchukua mbwa mikononi mwake mwenyewe, akamlaza kwenye kivuli, akarudi, akaketi mbele ya papa. Wakubwa wawili wa ukoo waliketi naye.

"Bokilo," alimwambia papa, "hukusikiliza?"

"Nilisikiliza."

"Na kengele?"

"Masikio yangu yamekufa," papa alisema. "Nilikuwa sijui. Nimejua leo."

Nilikuwa nimekaa pembeni yake na tai yangu. Majani yalikuwa bado mfukoni, yakilowesha paja. Msichana alisimama kwenye mlango wa jiko. Alikuwa anatazama kengele ambayo baba yake aliishika, kisha akanitazama mimi, na akaendelea kunitazama, kama mtu anayemngoja mwenzake amalize kufunga viatu ili watoke pamoja. Alinipa muda mrefu sana. Nikainyoosha tai yangu.

"Mbwa tutamulia na tutamusahau," baba yake alisema hatimaye. "Mbwa si neno. Lakini nyumba yenu ilikuwa na mwindaji mumoja, na amesema mwenyewe amekwisha. Binti yangu atakula nini kwenu? Karatasi?"

Wakubwa walicheka kidogo, kwa masikitiko. Papa naye alicheka, ili wasione vibaya kucheka.

Vitambaa na vyombo vilirudishwa mchana ule ule, vimekunjwa vizuri. Ni msichana aliyeleta mzigo hadi kwenye kivuko, kwa sababu alitumwa. Alimshika papa mkono kwa mikono miwili, akapiga goti, akamwombea safari njema. Mimi alinipa kamba ya mzigo.

"Au revoir, monsieur," alisema, kwaheri bwana, kama anavyoambiwa karani dirishani.

Aliolewa huko huko mwaka uliofuata. Nilipata habari ghalani, kwa dereva wa lori, nikaendelea kuandika magunia.

Papa aliipeleka bunduki kwa kaka yake, Maniema, pamoja na vile vipande vya mpira. Kabidi iliyobaki aliwapa wavuvi wa maporomoko ya mto. Ila jambo lililonifukuza Kisangani lilikuja baadaye, polepole. Alianza kuketi barazani akiwa ameweka kiganja nyuma ya sikio. Watu walipomsalimu aliuliza, "Unasema nini?" Akiitwa mara ya kwanza hakuitika, hata nilipoona bega lake limeshtuka kwa sauti, kwa sababu alikwisha kuamini kwamba alichosikia si cha kutegemewa. Majirani waliokuwa wakimwambia siri zao wakaanza kumpigia kelele kama mtoto. Mama alimpigia kelele. Usiku, baiskeli ilipopita, nilimwona akianza kutabasamu, kisha akajizuia.

Jioni moja nilikaa karibu naye, nikamwambia kwa sauti ya chini: "Papa, ile kengele niliiziba mimi."

Aliweka kiganja sikioni. "Unasema nini?"

Uso wake ulikuwa karibu kabisa na wangu. Sijui hadi leo kama alikuwa amesikia.

"Ninasema chakula kiko tayari," nilipiga kelele, na mtaa mzima ukasikia.