Sauti Yangu Katika Simu ya Mama Mkubwa

Nikiisikia sauti yangu imerekodiwa, hata kama ni salamu fupi niliyomtumia dada yangu kwa WhatsApp, mate hunijaa mdomoni kama ya mtu anayetaka kutapika. Zamani sikuwa hivyo. Zamani niliipenda sauti yangu, na watu waliisifu, na kwa sifa hizo nilijiharibia.

Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi hapa Bukavu, darasa la nne. Jumapili nilikuwa nasoma masomo kanisani. Siku moja baada ya misa, daktari kijana aliyeongoza mradi mmoja wa afya alinisubiri chini ya ngazi.

"Maman mwalimu," akasema, "nimetafuta sauti kama yako mji mzima."

Akanieleza kazi. Wagonjwa wa sukari na wa presha wa Kadutu, mtaa wa milimani hapa mjini, wangepewa simu ndogo za vitufe. Kila asubuhi saa mbili simu ingelia, sauti ingewauliza kama wamekunywa dawa, nao wangejibu kwa namba. Majibu yangeingia katika kompyuta ya ofisi yao kule Ibanda. "Tunataka mgonjwa ajichunge mwenyewe," akasema, halafu akataja neno lake la Kifaransa ambalo nililisikia mara nyingi baadaye hadi likaninuka: l'engagement. L'engagement ya mgonjwa, yaani ushiriki wake.

Alinipa karatasi nisome. Iliandikwa: Mpendwa mgonjwa, je, umemeza dawa zako? Iwapo ndiyo, bonyeza moja. Nilicheka.

"Docteur, hii ni Kiswahili ya wapi? Hakuna mama wa Kadutu atakayejua bonyeza ni nini. Andika finya. Na hakuna atakayemjibu mtu asiyemsalimu."

Akachukua kalamu, akaandika kila nilichosema. Mchana mzima tulikaa katika chumba kidogo kilichozibwa madirisha kwa magodoro, nami nikaitengeneza ile karatasi upya. Nikaweka salamu: Habari ya kuamuka, maman? Ulilala muzuri? Halafu nikaacha nafasi, pumzi mbili hivi, kama mtu anayengoja ajibiwe. Nafasi ile niliibuni mimi. Hakuna aliyeniomba. Daktari aliposikiliza alipiga makofi. "Mtu atadhani ni mtoto wake," akasema. Nami nikaona fahari.

Wa kwanza niliyemwandikisha alikuwa mama mkubwa wangu, dada wa marehemu mama. Alikuwa mjane, na alikaa peke yake Kadutu, chini kabisa ambako pikipiki haifiki, katika nyumba ya mbao iliyoegemea mteremko. Miaka mingi aliuza sombe, majani ya muhogo, sokoni, na wakati huo macho na masikio yalikuwa yameanza kumwacha. Sukari alikuwa nayo tangu zamani. Kabla ya simu, mama mmoja wa kujitolea wa kituo cha afya, tunawaita reko, alimpitia kila wiki mbili. Alimpima, akamvua viatu, akamtazama miguu kidole kwa kidole. Mimi pia nilikuwa nakwenda kila Jumamosi.

Simu zilipoanza, mradi uliwaambia mareko wapumzike. Simu haichoki na milima, walisema. Na mimi je? Hakuna aliyenikataza kwenda. Niliacha kidogo kidogo. Kulikuwa na mitihani, kulikuwa na mvua, ile njia ya Kadutu ikawa utelezi mtupu. Ndani yangu nilijiona nimeshamtimizia. Siku moja mtu wa kwao alinikuta barabarani akaniambia, "Maman yako mukubwa anakusifu sana. Anasema unamuitaka mu simu kila asubui." Nilifikiri anatania juu ya ule ujumbe. Nilicheka na kuendelea na safari yangu. Nikikumbuka kicheko kile natamani kujifuta midomo.

Ilipita miezi. Ijumaa moja yule reko alikuja shuleni kwangu. Alikuwa sasa anauza avoka, na beseni lake alilitua chini ya dirisha la darasa.

"Dada," akasema, "maman yako mukubwa haendi tena ku kanisa. Jana nilipita kwake. Sikuingia ata mu nyumba, arufu ilinipata mu mulango."

"Harufu ya nini?"

Alijitwisha tena beseni lake. Alinitazama tu, na nikaelewa kwamba kwa kazi yake anaijua.

Kesho yake asubuhi tuliteremka pamoja. Mama mkubwa alikuwa ameketi kitandani, amefunikwa blanketi hadi kifuani, na mguu wa kushoto ameuvisha soksi nene ya mwanamume. Soksi ilikuwa na maji. Siwezi kuipamba ile harufu. Ilikuwa ya nyama iliyosahaulika katika sufuria, na juu yake ya majani ya kienyeji aliyokuwa akiyachemsha na kujiosha. Nilimshika mkono kumsalimu huku nimebana pumzi, na nadhani aliona.

Kabla sijasema neno, simu yake ililia. Ilikuwa saa mbili. Akainua kidole kuninyamazisha.

"Nyamaza kwanza. Mutoto wangu ananiita."

Akafinya, akaiweka simu mbele ya uso kwa sauti kubwa kwa sababu ya masikio yake, nami nikajisikia nikitoka mle ndani, mtamu kama asali: Habari ya kuamuka, maman? Ulilala muzuri?

Ile nafasi ikafika. Na katika ile nafasi mama mkubwa akajibu haraka haraka, kama mtu aliyezoea kukatizwa: "Sikulala, mutoto wangu, muguu inauma sana..."

Umekunywa dawa ya leo? Kama ndiyo, finya moja. Kama hapana, finya mbili.

Akafinya moja. Asanti sana, maman, nikasema mle ndani. Umefanya muzuri. Endelea vile vile.

Simu ikakatika. Ndipo akainua macho yake yenye ukungu na kunitazama, kisha akaitazama simu, kisha mimi tena.

"Ni wewe ulikuwa unaongea mule?"

"Ni sauti yangu, maman. Lakini si mimi. Ni... ni mashine."

"Na apa iko nani?"

"Hapa ni mimi."

Reko alikuwa ameshapiga magoti anaikata soksi kwa mkasi.

"Nilikuambia," mama mkubwa akasema polepole. Hakuwa na hasira, na hilo ndilo lililoniua. "Nilikuambia siku ile mwiba iliniingia mu kidole ya muguu. Nilikuambia tena wakati kidole iligeuka nyeusi. Ukasema asanti, endelea vile vile. Nilizani rezo ya simu ni mubaya, njo maana unanikatiza. Lakini nikasema, kama mwalimu anasema niendelee, basi niendelee."

"Na dawa? Unakunywa?"

"Dawa iliisha tangu kitambo. Ku santre ya afya banasema, kuya wiki iyi, kuya wiki ingine."

"Sasa juu ya nini unafinyaka moja?"

"Nikifinyaka mbili unanigombeza."

Ni kweli. Kwenye mbili niliweka ukali kidogo, ule wa darasani. Maman, ni hatari kuacha dawa. Daktari alisema ukali huo ni mzuri. Na namba ya mtu ambaye dawa zimemwishia haikuwapo. Namba ya mtu mwenye kidonda haikuwapo. Nilipokuwa natengeneza salamu na kuchagua finya badala ya bonyeza, halikunijia hata mara moja wazo la kuuliza mgonjwa atasema wapi kinachomuuma.

Vijana wanne wa jirani walimpandisha mlimani juu ya kiti, wamefunga vitambaa puani, wakiteleza na kulaani. Mimi nilifuata nyuma na mfuko wa nguo zake, nikiipumua ile harufu kwa makusudi, kama adhabu. Hospitalini daktari wa upasuaji alifunua mguu, akafunika tena upesi.

"Huyu mgonjwa alikuwa anafuatiliwa na nani?"

Reko akanitazama. Nikainama kufunga mfuko wa nguo. Mguu ulikatwa chini ya goti siku ya tatu.

Wiki mbili hazijatimia, nikiwa nimekaa kando ya kitanda chake, simu yangu ililia. Alikuwa daktari wa mradi, mwenye furaha.

"Maman mwalimu, habari njema! Tunafunga mwaka wa kwanza, tumewapanga wagonjwa wote kwa uaminifu wao. Unajua nani amekuwa wa kwanza Kadutu nzima? Mama yako mkubwa! Hadi mwezi uliopita tulipohesabu, alikuwa hajakosa kujibu hata siku moja. Tunataka umlete, tumpe zawadi na tumpige picha."

Nilikwenda peke yangu. Ilikuwa hoteli ya kando ya ziwa, meza zenye vitambaa vyeupe, maua, chupa za maji kila kiti, na nje wapishi wakigeuza samaki juu ya makaa. Walikuwapo wageni kutoka mbali, pamoja na mfasiri wao. Ukutani daktari alionyesha mstari wa kijani uliopanda na kupanda. Huo, akasema, ni ushiriki wa mgonjwa. Watu wakapiga makofi. Nilitazama mstari ule nikaona ni moja, moja, moja za mama mkubwa, zimepangwa zikapakwa rangi. Samaki wa nje alinuka vizuri.

Walipoita jina lake nilisimama mimi.

"Mnayemtafuta yuko hospitalini," nikasema. "Mguu wake umekatwa. Kila asubuhi aliiambia simu yenu kwamba anaoza, nayo ilimjibu umefanya muzuri. Kwa sauti yangu."

Mfasiri alifasiri, nadhani kwa maneno machache kuliko yangu, maana alimaliza upesi. Mgeni mmoja aliandika kitu. Daktari alikuja hadi nilipo, akanishika kiwiko kwa upole.

"Pole sana, maman mwalimu. Pole kweli. Lakini tuelewane, kifaa chenyewe kilifanya kazi. Ni yeye aliyetoa jibu lisilo la kweli." Akafikiri kidogo, uso ukamng'aa. "Umetusaidia, unajua? Tutaongeza namba tatu, ya wenye shida nyingine. Tungehitaji tu urudi studio siku moja, utusomee hiyo tatu."

Nilitoa kiwiko changu mkononi mwake. Sikumchukia kama mtu mbaya. Ningekuwa na nafuu kama angekuwa mbaya. Alikuwa kijana mwenye adabu, amevaa shati safi, anayeamini ukuta wake. Nilimwambia afute sauti yangu yote. Akasema kwa masikitiko kwamba nilitia sahihi, na kwamba wagonjwa wameshaizoea.

Mlangoni msichana mmoja wa ofisi alinikimbilia na furushi la karatasi inayometa. Ilikuwa zawadi ya mama mkubwa, kitenge. Nilimrudishia mikononi nikaondoka.

Nilipomsimulia mama mkubwa, nilidhani atanipa baraka. Alinisikiliza hadi mwisho, akauliza, "Kitenge iko wapi?"

"Nilikikataa, maman."

"Ulikataa kitenge yangu?"

"Maman, watu hawa..."

"Muguu walichukua," akasema, "na kitenge tena unawaachia? Weye mwalimu ulisoma nini?"

Mgonjwa wa kitanda cha pili alicheka hadi akakohoa. Basi Jumatatu nikaenda Ibanda, nikaketi kwenye kiti cha kungojea cha ofisi ile, nikaomba nilichokuwa nimekikataa. Msichana alinifanya nitie sahihi kwenye daftari kwamba mgonjwa mwaminifu amepokea. Nilitia. Mkono wangu ulinichukiza.

Sasa mama mkubwa anakaa kwangu. Kitenge alikishonesha, anakivaa Jumapili, na kimemkaa vizuri. Asubuhi nikimsalimu kutoka jikoni hajibu. Hunyamaza hadi niingie chumbani, nimguse bega, ndipo aseme amelalaje. Sijamuuliza kwa nini. Mradi unaendelea, na nikipita Kadutu saa mbili naisikia sauti yangu ikitoka katika nyumba za watu, inawauliza kama wamelala vizuri. Naongeza mwendo.

Jumamosi nateremka na yule reko. Alirudi kazini bila kuitwa na mtu, akiwa na mashine ya kupimia sukari ya kuazima, na mimi nambebea mfuko. Sina ujuzi mwingine. Wiki iliyopita tulimkuta mzee mmoja mshona viatu mbele ya nyumba yake. Reko alimwomba avue kiatu.

"Ya nini?" mzee akasema. "Nilishajibu mu simu. Nilifinya moja."

"Papa, tunaomba kutazama tu," nikasema mimi.

Akaacha sindano, akanikazia macho. Alitafuta mahali aliponisikia. Niliona alipopapata, akatabasamu kama mtu aliyekutana na rafiki, na tabasamu lile sikuweza kulivumilia, nikainama. Nikaanza mimi mwenyewe kufungua kamba za kiatu chake. Zilikuwa zimekauka kwa tope, na alinisaidia kuzivuta. Kati ya kidole kidogo na cha pili palikuwa na kidonda, kidogo kama punje ya haragwe, cheupe pembeni.

"Hii iko tangu lini, papa?" reko akauliza.

"Ile? Ile nilishamuambia huyu," mzee akasema, akininyooshea sindano.

Reko akafungua pamba.