Miguu ya Mama Ukutani

Mwalimu wangu wa kuchora alikuwa Mjerumani aliyeletwa na Wabelgiji kufundisha sanaa, na wao walipoondoka yeye akabaki. Alikula bugali kwa mkono, alisaga udongo mwekundu wa Masereka kupata rangi, na Kiswahili chake kilikuwa cha kugombeza tu, maana alijifunza kwa kutugombeza sisi. Nilimpenda sana. Hata leo, nikiandika mabango ya saluni na famasi hapa Butembo, nanyoosha mgongo kana kwamba ananitazama.

Sheria yake ilikuwa moja: chora unachokiona. Nilipochora nyumba yetu nikaipa paa la bati, ilhali ilikuwa ya majani, alinifuata mpaka nyumbani na daftari mkononi.

"Bati iko wapi?"

"Baba atanunua, Mwalimu."

"Akinunua, utachora."

Kwa sheria hiyohiyo alimkosea mama yangu. Kabla sijazaliwa, Jumapili moja, mama alikuwa akitoka Musienene kwenda kanisani, mgongoni kitunga cha maharagwe ya sadaka, kamba yake imepita kwenye paji la uso. Alikuwa pekupeku, kama wasichana wengi wa wakati ule, hata wenye viatu. Viatu havikukanyaga matope. Ulivibeba mpaka kijito cha karibu na kanisa, ukanawa miguu, ndipo ukavivaa. Vya mama vilikuwa ndani ya kitunga, chini ya majani ya kabichi. Mwalimu akamsimamisha njiani ili amchore.

"Mwalimu, niko na biatu," mama alimwambia.

"Mimi hapana ona biatu. Nachora kile naona."

Picha ilitoka nzuri mno, na alimpa mama siku ya harusi yake. Ikatundikwa sebuleni. Wakwe walipokuja kutoka Beni, mama mkwe aliitazama ile miguu yenye vumbi, akanyamaza, na kimya kile mama alikielewa vizuri: alionekana fukara asiye na viatu. Tangu siku hiyo chombo cha maua ya plastiki kimekaa juu ya kabati, mbele ya miguu kabisa. Mgeni akikisogeza, mama anakirudisha.

Mwaka huu mama aliugua, akaniita kitandani.

"Siku ya matanga yangu mutaweka ile picha mbele. Batu bote ba Beni bataona miguu. Univalishe biatu, mutoto wangu."

Nilikasirika kwanza, halafu nikaona haya kwa kumkasirikia mgonjwa. Lakini nani angethubutu kuipaka rangi picha ya Mwalimu? Mwalimu aliichora miguu ile kwa upendo, kila kidole na uzito wake. Amezikwa Beni miaka mingi sasa, na bado nilimsikia akiniuliza viatu viko wapi. Wiki nzima nilikaa mbele ya picha na rangi nyeusi, nisiweke hata tone. Yeye alinipa mkono huu wa kuchora, na mama ndiye aliyenizaa. Nilimwogopa kila mmoja kivyake.

Mwishowe nikarudi kitandani kwa mama.

"Mama, siku ile biatu bilikuwa wapi kabisa?"

"Mu kitunga, chini ya majani ya mashu. Si nilimwambia?"

Basi miguu sikuigusa. Nilichukua brashi nyembamba, nikalisogeza jani moja la kabichi, upana wa vidole viwili. Hapo nikachora kisigino cheusi na mkanda wa kiatu, vikichungulia juu ya maharagwe. Sikuongeza kitu kingine.

Nikampelekea mama picha. Aliitazama bila miwani, akaitisha miwani, akaitazama tena. Nilisubiri anigombeze, maana miguu ilikuwa bado pekupeku na vumbi lake lote. Aliweka kidole juu ya kile kisigino, akakiacha hapo.

"Sasa batajua nilikuwa naenda wapi," alisema.

Kisha akamtuma binti yangu akaondoe yale maua juu ya kabati.