Kengele ya Hewa ya Mkaa Ipo Ukutani, Haina Betri

Admin, jina langu lifiche, na kijiji usikitaje, sema tu huku Kibiti inatosha. Mimi ni mwanamke wa miaka ishirini na sita, nimeolewa, na hivi ninavyoandika niko ndani ya arobaini ya mtoto wangu wa pili. Naandika nimejifunika shuka kama mwizi, maana mama mkwe akiniona na simu anasema mzazi anaharibu macho.

Mtoto wangu wa kwanza nilimzika hajatimiza hata mwezi. Sisi huku mzazi analazwa kwenye kitanda cha kamba, jiko la mkaa linawekwa chini yake, mlango na dirisha vinafungwa ili baridi isimwingie. Asubuhi ile niliamka kichwa kinapasuka, natapika, na mtoto wangu amekuwa wa baridi. Wakasema jini, wengine wakasema husda. Nesi peke yake ndiye aliyeniuliza, "Mlilala na jiko ndani?" Akanieleza kwamba mkaa ukiwaka mahali palipofungwa unatoa hewa isiyo na moshi wala harufu, na inaua. Nilipomwambia mume wangu akajibu kazi ya Mungu haina makosa. Lakini moyoni jambo hilo halikunitoka.

Mimba hii ya pili, dada yangu anayefanya kazi za ndani Uarabuni akaniletea kidude cheupe kinachonusa hewa hiyo. Akaniambia, "Kikipiga kelele, mnyakue mtoto mtoke nje. Kinakula betri mbili ndogo kama za rimoti, zikiisha weka nyingine." Jamani, nilikipenda kile kidude kuliko dhahabu.

Siku za mwanzo tu baada ya kujifungua, mchana, nimeshakandwa, jiko liko chini ya kitanda, kikalia nyumba nzima ikasikia. Nikamnyakua mtoto mpaka uani. Mnajua mama mkwe alifanya nini? Alifunga dirisha nililoliacha wazi kidogo, akatia makaa kwenye chetezo, akafukiza ubani! "Kimeona kitu hicho," anasema. "Mashetani yanamfuata mtoto, na wewe unamtoa nje mchana wote huu?" Kidude kikazidi kulia, naye akazidi kutia makaa na ubani. Mwisho akakichomoa betri, akazitia kwenye redio yake. Kikanyamaza. "Umeona? Wameondoka."

Mume wangu alikuwa Ikwiriri kwenye biashara ya mchele. Aliporudi nikamlilia. Akasema, "Nimekusikia mke wangu, betri nitanunua." Kesho yake akakitundika ukutani kwa mkono wake mwenyewe. Nikamwombea dua, nikalala usingizi wa raha.

Juzi nikaona mbona kile kitaa chake cha kijani hakiwaki. Nikakitungua, nikakifungua, kitupu. Wallahi hakuna kitu ndani. Nilipomuuliza mume wangu hakuona hata haya. "Nilitaka utulie. Mama katulea wote kwa jiko hilo hilo. Mimi nikienda kununua betri, si nimemwambia mama kwamba yeye ndiye aliyemuua mjukuu wake?"

Kumbe anajua. Siku zote hizi anajua, na bado amenitundikia kidude kitupu nikitazame nifurahi. Nimeumia mpaka machozi yamekauka.

Nikamtuma wifi yangu dukani akanunue betri, akazipeleka moja kwa moja kwa mama yake. Nikampigia mama yangu mzazi, akaniambia, "Vumilia mwanangu, arobaini haikai, nawe ulilelewa hivyo hivyo." Na mama mkwe si mtu mbaya. Ndiye anayenikanda, ananipikia uji wa pilipili manga, anamwimbia mjukuu wake. Bora angekuwa mbaya ningemchukia nikapumzika. Jiko nikilisogeza nje analirudisha, dirisha nikilifungua analifunga, tena kwa huruma, "Utapata baridi ya uzazi mwanangu, itakusumbua mpaka uzeeni."

Mume kaniambia nikitoka na mtoto kabla ya arobaini nihesabu nimeachika, na mtoto atabaki kwao. Sina nauli, na mshono wangu haujapona.

Leo tangu asubuhi kichwa kinanigonga. Mtoto analala tu, ziwa nikimpa analiacha, nikimfinya kidogo unyayo analia kwa uvivu kisha analala tena. Nimemwambia mama mkwe, akacheka, akasema mtoto anayelala ni mtoto aliyeshiba. Sasa hivi namsikia uani anapepea mkaa wa jioni. Ndugu zangu, msinitukane, nishaurini upesi, nifanye nini?