Madoa Meusi ya Sekenke

Mimi ni fundi simu hapa Ikungi, na sifa napenda, sikatai. Mdogo wangu alipohamia kwa shangazi yetu Sekenke, hakuisha kulalamika. Ule mchezo wake wa kutembea na simu ukikamata wanyama wa kwenye ramani, kule haukuwa na kitu. "Dada, huku hata sungura hakuna!" Nikamcheka, nikamwambia subiri.

Nilikuwa na mchezo huo uliochakachuliwa. Ndani yake kuna faili lenye mistari ya namba tupu; kila mstari ni mahali, na mnyama anayekaa hapo. Nikafungua picha ya Sekenke iliyopigwa kutoka angani, nikaona madoa meusi nyuma ya mashamba. Nikajua ni vichaka, atapata na kivuli. Nikaandika namba za kila doa, nikaweka wanyama adimu, nikamtumia. Nilijiona fundi kwelikweli!

Jumamosi mchana akanipigia, anahema kwa furaha. Kashapata wawili. Wa tatu yuko hatua chache mbele, ila kuna matawi ya miiba yamerundikwa, ngoja ayavute. Mara nikasikia shangazi anapiga ukunga kwa Kinyiramba, simu ikakatika.

Nilipiga, nikapiga. Simu ya mteja nikaiacha imefunguliwa mezani. Mwisho akapokea shangazi.

"Shikamoo, shangazi."

Hakuitikia. Tangu nizaliwe hajawahi kuniacha na shikamoo yangu mdomoni.

"Nimemdaka gauni," alisema. "Ile miiba tumefunikia mashimo ya dhahabu ya zamani. Nani kamwonyesha huyu mtoto mashimo yetu yote?"

Nilisema ni mimi. Mdogo wangu alifuta mchezo palepale, nikamsikia analia.

Lakini jamani, sikumtumia yeye peke yake. Kwa kujishaua nililiweka faili lile kwenye kundi letu la wachezaji, nao wakagawiana. Niliwaandikia walifute, nikawasihi. Wakanicheka: dada unataka wanyama wote uwe nao wewe!

Jana shangazi kapiga tena. Juzi mchana alipita kijana mgeni na pikipiki, macho kwenye simu, hata salamu hakutoa. Asubuhi yake wamekuta miiba ya shimo la mwisho imevutwa pembeni. Pikipiki ipo palepale, ufunguo unaning'inia. Shangazi aliniuliza kama namjua ni mtoto wa nani.