Pampu ya Upepo Tuliyoihamishia Wembere

Siku yangu ya kwanza kazini sikushika hata spana. Fundi Mkuu wa karakana ya maji mjini Singida, Mzee Ntandu, aliitikia shikamoo yangu bila kuinua macho, akanipeleka nyuma ya karakana penye mnara wa chuma, juu yake gurudumu la mapanga ya bati. Akaniambia nipande. Nilipofika kwenye jukwaa la mbao chini ya gurudumu, akapaza sauti, "Unaona nini?"

"Naona mji wote, mzee. Hata ziwa naliona."

"Basi shuka. Kesho utapanda tena, uitazame mashine."

Kesho yake nikaitazama. Ninyi mnaofunga paneli za jua leo huenda hamjawahi kuiona, kwa hiyo niieleze. Upepo unasukuma mapanga, gurudumu linazunguka. Nyuma yake kuna mkia mpana wa bati unaoligeuza lielekee upepo unakotoka. Sanduku la gia hubadili mzunguko ule uwe mwendo wa kupanda na kushuka, na mwendo huo huteremka kwa fimbo ndefu mpaka ndani ya kisima, kwenye pistoni iliyovikwa kikombe cha ngozi ya ng'ombe. Ngozi ndiyo inayobana maji yasirudi chini. Ikichakaa, gurudumu litazunguka kwa madaha siku nzima na bomba lisitoe kitu.

Mzee Ntandu alikuwa mkali kuhusu upotevu. Akikuta koki inavuja kijijini, hakuingia kusalimia watu kabla ya kuibana. Alitufundisha kujaza tangi wakati wa kiangazi upepo unapovuma kwa nguvu, na kuliweka mahali pa juu ili maji yateremke yenyewe mpaka bombani. "Upepo ukishayapandisha," alisema, "msiyamwage mkayatafuta tena."

Kituo changu cha kwanza kilikuwa Itigi. Vichaka vya kule vinakata upepo, na maji yako chini sana, kwa hiyo nilitunza injini ya dizeli. Mafuta yalikuja kwa treni. Niliipenda injini ile, na nalisema hili mapema msije mkadhani mimi ni mzee anayechukia kila kitu kipya. Lakini moyo wangu ulikuwa mnarani, na nilipohamishiwa Iramba nilifunga mizigo kwa furaha.

Ilikuwa miaka ya vijiji vya Ujamaa. Karibu na Ulemo palikuwa na kijiji kipya, watu wamekusanywa kutoka milimani na mabondeni, nyumba nyingine bado hazijaezekwa. Maji waliyachota kwa kufukua mchanga kwenye korongo. Mzee Ntandu alikuja mwenyewe, tukasimamisha mnara pamoja na wanakijiji, wanaume wakivuta kamba na wanawake wakiponda kokoto za msingi. Mwanamke aliyeongoza kazi ya kokoto aliitwa Mama Anna. Maji yalipotoka mara ya kwanza hakupiga kigelegele kama wenzake. Alikinga viganja, akanywa, akanawa uso, kisha akakaa chini akalia. Mimi nilioa binti yake, huyo Anna, baada ya mavuno yaliyofuata.

Miaka michache ilipita, ndipo Mhandisi wa Maji wa Mkoa akaniita ofisini. Alikuwa mtu mpole, aliyezoea kumkaribisha mgeni kiti kabla ya kumpa habari mbaya.

"Ndugu Kitundu," alisema, "kijiji cha ukweni kwako kimepata injini ya dizeli. Ile pampu ya upepo tunaihamishia Wembere."

"Ndugu Mhandisi, wale watu wameizoea."

"Najua. Lakini kule mbugani mvua zikinyesha lori halipiti. Nitawapelekeaje mafuta? Na watoto wao wanakunywa maji ya madimbwi pamoja na ng'ombe. Niambie wewe, ungefanyaje?"

Nikainuka, nikaenda kumweleza Mzee Ntandu. Swali lile ninalo mpaka leo.

Tulipofika kuifungua, wanawake walikuwa wamekaa kuuzunguka mnara, ndoo zao mapajani. Mama mkwe alikuwa mbele. Kwa desturi yetu sikupaswa hata kumtazama usoni, nikasimama pembeni nikitazama ardhi, spana mkononi. Mzee Ntandu akachuchumaa mbele yake, akamweleza yote bila kuficha: madimbwi, watoto, matope, lori.

Mama Anna aliiweka ndoo yake chini. Kisha akauliza, "Hao watoto wanaumwa?"

"Wanaumwa, mama."

Akainuka, akakung'uta kanga. "Basi chukueni. Lakini hiyo injini yenu ikinyamaza, mje mtuangalie usoni."

Wanawake wakaondoka mmoja mmoja. Nilipanda, nikafungua mapanga, na kila nililoliteremsha nililisikia kifuani. Wembere waliipokea kwa ngoma. Nilicheza nao kidogo, kwa adabu tu.

Injini ilifanya kazi vizuri, tena ilitoa maji mengi kuliko pampu yetu. Halafu kukaja uhaba wa mafuta nchi nzima. Pipa la mwisho likaisha, na lingine halikuja. Nilipokwenda ukweni niliwakuta wanawake wamerudi korongoni, na Mama Anna, sasa mgongo umeanza kupinda, anapanda ngazi za mchanga na debe kichwani. Aliniitikia salamu kwa upole. Hakunikumbusha neno lake, na hilo liliniuma zaidi.

Nilirudi Singida nikamweleza Mzee Ntandu. Siku zile alikuwa anakaribia kustaafu, kifua kinamsumbua. Tukaenda pamoja kwa Mhandisi. Hakuwa na pampu mpya wala fedha za kigeni za kuagiza, lakini alitufungulia ua wa vyuma chakavu na kutupa ruhusa ya kuchukua chochote. Tulipata sanduku la gia lililotupwa, bila beringi, yaani vile vishikio ambamo mhimili huzungukia. Mzee Ntandu akachonga beringi kwa mti wa mninga, akazichemsha ndani ya oili mpaka zikawa nyeusi na nzito. Mapanga tuliyakata kwenye mapipa, yale yale yaliyokuwa yakileta dizeli. Mhandisi mwenyewe alivua koti akatusaidia kuyapinda, maana kila panga lilitaka pembe sawa na mwenzake, na yeye ndiye aliyejua kuipiga hesabu.

Siku ya kuisimamisha kijijini, juu ya mnara tuliouunga kwa vyuma chakavu, nilimsihi Mzee Ntandu abaki chini. Alikataa. Alipanda taratibu, akipumzika kila baada ya hatua kadhaa, mpaka jukwaani. Nikaachia breki. Gurudumu likasita, likalia kama mlango wa zamani, likaanza kuzunguka. Tulisubiri. Bomba likakohoa hewa, kisha matope, kisha maji.

Mama Anna alikinga ndoo. "Ni machache," akasema.

"Ni machache, mama," Mzee Ntandu akajibu kutoka juu, huku akihema.

"Yatatosha. Shuka sasa ule."

Kweli yalikuwa machache. Walipanga foleni, mifugo ikatengewa zamu yake, na koki hakuna aliyeiacha wazi. Wakaishi. Mzee Ntandu alistaafu muda mfupi baadaye, na hakuishi sana. Kwenye msiba wake nilikutana na mafundi kutoka kila wilaya, wote tumefundishwa na mtu mmoja, na hakuna aliyejua nani sasa ataamua tukibishana kuhusu mashine.

Mimi nami nimestaafu zamani. Naishi Mandewa, hapa hapa Singida. Anna ametangulia, na upepo wa kiangazi unapoanza nyumba huwa kubwa mno kwangu. Nikikaa peke yangu sikumbuki sana vyuma. Nakumbuka safari: kulala kwenye godauni la kijiji, uji wa uwele asubuhi, Mzee Ntandu akinung'unika kuhusu spana iliyopotea, watu wamekusanyika wakisubiri tuwaambie kama itawezekana.

Hivi karibuni alinitembelea binti wa jirani, fundi wa pampu za jua. Alinionyesha paneli zake kwenye gari na kunieleza zinavyosukuma maji bila moshi wala kelele. Nilimsifu, na nilimsifu kwa dhati. Nikamkaribisha chai.

"Asante, babu, siku nyingine," alisema, akipanda garini. "Kuna kijiji kinanisubiri."

Nikasimama mlangoni mpaka vumbi lake likatulia. Nilimwonea wivu.