Blanketi la Babu kwenye Dirisha la Sinema

Wiki iliyopita mjukuu wangu alinikuta uani nikipukuchua mahindi, akanisogezea simu yake karibu na pua. "Kukhu," yaani nyanya kwa lugha yetu, "ona huyu!" Kwenye kile kioo kidogo mwanamume mnene alikuwa akipanda ngazi na ndoo ya rangi mkononi, na kabla hajafika juu nilishajua ataangukia upande gani. Gunzi likanidondoka. Sikuwa nimemwona mtu huyo kwa zaidi ya miaka hamsini, nami nilimtambua kama jirani.

"Kwani unamjua?"

Nikamwambia kwamba nyanya yangu aliwahi kumgombeza huyo mbele ya kijiji kizima. Mtoto akanitazama kwa huruma, akadhani uzee umeshaniingia kichwani, akarudi kwenye simu yake akilalamika kwamba jua linameta kiooni. Basi keti wewe, rafiki yangu, nikusimulie.

Miaka ile bendera yetu ilikuwa bado mpya, na watoto wa shule tuliimba wimbo wake hata tukienda kuteka maji. Nje kidogo ya mji wa Kakamega tulikuwa na holi la matofali lenye paa la mabati, na Jumamosi moja kila mwezi gari la sinema lilifika hapo. Kwingine waliionyesha uwanjani, jua likishatua. Kwetu haikuwezekana. Unaijua mvua ya Kakamega, ikifika saa kumi haibishi hodi, na ile barabara ya murram ikilowa ingelala na gari mpaka asubuhi. Kwa hiyo sinema yetu ilikuwa ya saa nane mchana, na giza tulilileta wenyewe kutoka nyumbani.

Kila familia ilileta blanketi moja la kuziba dirisha. "Mkono mtupu haulambwi," mwalimu wetu alisema mlangoni, akilikagua kila blanketi kwa kulinyoosha juani. Lenye uzito lilikuingiza wewe na ndugu zako wote. Jepesi lilirudi nyumbani na mwenyewe. Humo ndani kulinuka moshi wa jikoni, njugu za kukaanga na vitanda vyetu vyote kwa pamoja, na ukikaa karibu na dirisha ulijua bila kuambiwa ni nyumba ipi yenye mtoto anayekojoa kitandani.

Picha zenyewe zilikuwa bubu. Sauti ilikuwa ya mwalimu, aliyesimama kando ya shuka jeupe na kipaza sauti chake cha bati, akimtungia maneno kila aliyetokea. Yule mnene alimfanya karani wa chifu kutoka Navakholo, mtu anayekula ingokho, kuku wa watu, na kusahau kusikiliza kesi zao. Mbavu zetu hazikupona. Lakini mwalimu ni mwalimu, hakosi somo. Kila mara mashine ilipokuwa ikibadilishwa mkanda alitueleza kwamba wachekeshaji wale walianzia kwenye majukwaa ya ng'ambo, wakajifunza kuanguka kama vile mwingine anavyojifunza useremala, na kwamba wengi wao walikufa kabla sisi hatujazaliwa. Hatukumsikiliza. Tulitaka mtu aanguke tena.

Mwaka ninaousema, babu yangu alifariki katika mvua za masika. Nyanya hakulia sana. Alinyamaza tu. Alipika obusuma, ugali wetu, na mboga za mrenda kama kawaida, akatugawia, akaketi na sahani yake mpaka chakula kikapoa. Mwanamke huyo alikuwa amegombana na babu kila siku ya ndoa yao, kwa sababu ya kiko alicholala nacho na kwa sababu ya tabia yake ya kupanda paa la jikoni kuziba nyasi akiwa mzee wa magoti mabovu. Sasa hakuwa na wa kugombana naye, na nyumba ilikuwa kimya mpaka kuku waliingia ndani bila woga.

Mama aliniita pembeni. "Mimi siwezi kumtania, yeye ni mama mkwe wangu. Wewe ni mjukuu. Hiyo kazi ni yako." Nawe unajua desturi yetu: mjukuu wa kike ni mke mdogo wa babu, na nyanya yake ni mke mwenza. Anaruhusiwa kumwambia maneno ambayo mtu mzima angetozwa mbuzi kwa kuyasema. Basi nikafanya mazoezi ya kuanguka kama yule mnene. Siku moja nilitoka mtoni na mtungi kichwani, nikafika mbele ya nyanya, nikajifanya nimekanyaga ganda la ndizi. Nilianguka vizuri kweli. Mtungi nao ukavunjika vipande vipande.

Nyanya alitazama matope. "Maji yakimwagika hayazoleki," akasema, akaingia ndani.

Nililia nyuma ya ghala la mahindi. Nilikuwa na miaka tisa, na niliamini kabisa kwamba nisipomchekesha nyanya atamfuata babu, na kosa litakuwa langu.

Jumamosi ya sinema ikafika, na blanketi la mama lilikuwa limefuliwa na halijakauka. Lililobaki ni moja tu: lile zito la kijivu ambalo babu alitoka nalo kwenye shamba la mzungu kule Lugari alikofanya kazi ujanani. Nyanya alilikalia. "Hii siwezi peana. Hata serikali ikuje yenyewe, siwezi." Mama akasema basi mtoto atabaki nyumbani. Nyanya akanitazama, nami nikatazama vidole vyangu vya miguu.

"Basi nitaenda nayo mimi," akasema. "Nitaichunga."

Hivyo ndivyo nyanya alivyoingia sinema mara ya kwanza maishani: kama askari wa blanketi. Liliangikwa kwenye dirisha la nyuma, naye akaketi chini yake, mgongo ukutani, uso kwenye magoti. Mashine ikaanza kuunguruma. Mara duara la mwanga likatua kwenye tumbo la yule mnene, jeupe, la ukubwa wa shilingi.

"Kuna tundu!" watu wakapiga kelele. "Zibeni!"

"Blanketi ya nani hiyo?" mwalimu akauliza.

Lilikuwa tundu lililochomwa na kiko cha babu. Nyanya alisimama taratibu, akaingiza kidole chake humo, na mwanga ukazimika. Ila sasa ilimbidi abaki amesimama, na aliyesimama hawezi kuficha uso magotini. Akatazama mbele. Mnene alikuwa ameanza kupanda ngazi kwenda kwenye paa.

"Shuka!" nyanya akasema.

Holi lote likageuka.

"Wewe mzee, shuka! Si nilikuambianga hiyo ngazi imeoza? Magoti huna, unapanda kufanya nini? Na hiyo kiko unalalanga nayo, ona sasa, jua yote inaingia kwa tundu yako!"

Mwalimu alishusha kipaza sauti chake. Mnene akaanguka, ndoo ikamfuata, rangi ikammwagikia. Hakuna aliyecheka. Wote walijua anasema na nani, na nani angethubutu kumcheka mjane? Kisha nikakumbuka kwamba mle ndani kulikuwa na mtu mmoja tu mwenye ruhusa.

"Mwinue wewe, mke mwenza!" nikapaza sauti. "Mimi nilimwinua jana!"

Nyanya alifungua mdomo kunijibu. Kicheko kilimtoka kwa vipande, kama pampu iliyokaa muda bila maji, halafu kikafunguka, na holi lote likapasuka naye. Alicheka huku machozi yakimtiririka, na kidole hakukitoa kwenye tundu hata mara moja.

Tulirudi nyumbani mvuani, sote wawili chini ya blanketi.

"Mwalimu amesema huyo mtu alikufa kitambo?"

"Ndiyo, kukhu."

"Na bado anaanguka, na watu wanacheka." Akalivuta blanketi likanifunika vizuri. "Basi ni sawa."

Jioni hiyo alimaliza sahani yake, akatusimulia jinsi babu alivyowahi kuanguka kutoka paani juu ya mbuzi wa jirani. Tangu hapo hakukosa Jumamosi yoyote ya sinema, na mama alipotaka kulishona lile tundu, alikatazwa.

Holi sasa ni ghala la mbolea. Mwalimu amelala kaburini, na nyanya pia. Siku hizi kila mtu ana sinema yake mfukoni, wala hahitaji blanketi la mwenzake. Hilo nalisikitikia kidogo, sikufichi, lakini mnene bado anaanguka, na mjukuu wangu anamcheka palepale nilipomcheka mimi.

Siku ile uani, alipolalamikia jua, niliingia ndani nikaleta kitu kutoka chini ya godoro. Nikatufunika sote wawili, simu katikati. Duara la mwanga likatua kwenye tumbo la mnene.

"Kukhu, hii blanketi iko na tundu."

"Najua," nikamwambia. "Weka kidole."